Moshi Mweusi wa Yusuf Ma

Wanaingia, wanavua viatu mlangoni, wananipa mkono wa tanzia, wanakaa. Kabla kikombe cha kwanza cha kahawa hakijawafikia, macho yao yameshapanda ukutani kwenye ile picha kubwa: kichwa cha treni kinapanda kilima katika theluji, na juu yake moshi mweusi mnene umesimama kama mnara, umeziba nusu ya mbingu. "Mashaallah," anasema Bi Shamsa, jirani yangu wa upande wa falaji, mfereji wa maji ya mashamba, na hii ni mara yake ya nne katika wiki tatu za eda yangu. "Marehemu alikuwa na jicho. Tazama moshi ule, mtu utadhani utakutia weusi kwenye leso." Wenzake wanaitikia. Mimi nimekaa chini ya picha hiyo hiyo na nguo zangu za eda, na sina pa kukimbilia, maana mjane hatoki nyumbani mpaka miezi minne na siku kumi zitimie. Kila anayeingia hunisifia kitu ambacho nimekichukia miaka ishirini na sita.

Nina hasira. Naliandika neno hilo mapema ili msomaji asije akadhani ni huzuni ya mjane iliyokosa njia. Huzuni ninayo pia, na itakaa. Seif alikuwa mume mwema, alinichekesha mpaka wiki yake ya mwisho hospitalini, na nyumba hii ya Samad, hapa Oman, alinijengea na majlis ya wageni yenye madirisha makubwa kwa kuwa nilimwambia napenda kuona mitende. Hasira ni kitu kingine, nayo ni ya zamani kuliko huzuni. Nimeikalia kimya kwa sababu aliyenitia hasira alikuwa hai na nikimpenda, na sasa amekufa na watu wanamsifu kwa jambo lile lile. Juzi binti yetu Raya alikuja kutoka Ibra na habari mpya. "Mama, watu ya nadi wamenipigia tena," alisema, na nadi ndiyo klabu yao ya utamaduni. "Wanataka kufanya maonyesho ya picha zote za baba. Hii ya moshi wataweka mlangoni kabisa. Wanataka maneno kidogo tu, yaani, ya kuweka chini yake. Wewe ndiye ulikuwepo. Mistari mitatu, khalas." Nimeandika mistari mitatu mara nne, na mara nne nimeichana. Ndipo nikaona kwamba siwezi kuandika mistari mitatu mpaka niandike mwaka mzima.

Mwaka ule Seif alipelekwa na kampuni yake ya Sur kwenda kujifunza matangi ya mvuke katika kiwanda kimoja cha Lanzhou, kaskazini-magharibi ya Uchina, nami nikachukua likizo bila mshahara katika shule niliyokuwa nikisomesha fizikia, nikamfuata. Tulipewa chumba kimoja ghorofa ya nne. Nakikumbuka chumba kile kuliko nyumba nyingi nilizokaa baadaye: bomba la maji ya moto lililopita chini ya dirisha na kugonga alfajiri kama mtu anayetaka kufunguliwa, meza moja ya kulia, kusomea na kupigia pasi, na harufu ya kabichi iliyopanda ngazi kutoka chini. Seif kila asubuhi alikwenda kiwandani na mkalimani wa kampuni. Mimi niliandikishwa darasa la lugha pamoja na wake wa wageni wengine, na kwa kuwa ndiye niliyekwenda sokoni, ndiye niliyejua. Ilipofika majira ya baridi nilikuwa nikibishana na muuza mayai, na mume wangu, mhandisi mwenye vyeti viwili, hawezi kununua kitunguu. Alikuwa akinisukuma mbele yake dukani na kusema, "Haya, waziri wangu wa mambo ya nje." Tulicheka sana. Naandika hayo kwa sababu yote yaliyofuata yalipita katika mdomo wangu.

Mwendo wa saa chache kutoka Lanzhou kulikuwa na mji wa migodi. Jina lake sitalitaja, maana wenyewe wapo na ofisi ipo. Huko reli ya mgodi ilikuwa bado inaendeshwa kwa mvuke wakati nchi nyengine karibu zote zimeshaupeleka mvuke makumbusho. Hawakuifanya hivyo kwa ajili ya watalii. Makaa ya mawe walikuwa nayo miguuni mwao, vichwa vya treni walikuwa wanavyo, na wafanyakazi walihitaji kupelekwa mgodini asubuhi na kurudishwa jioni. Seif alisikia habari zake kiwandani, akaenda mara moja kwa kutaka kujua, akarudi amebadilika. "Zuwena, kinapumua!" aliniambia mlangoni, kofia bado ina theluji. "Wallahi kile kitu kinapumua." Tangu siku hiyo kila Jumamosi tulikwenda. Alinunua kamera kwa kijana mmoja wa Kijerumani aliyekuwa akirudi kwao, akapata karatasi ya ruhusa kutoka ofisi ya reli, na mimi nikabeba chupa ya chai, tende, na kamusi.

Yusuf Ma tulimpata Jumamosi ya tatu, au tuseme alitupata yeye. Nilikuwa nimesimama kando ya stesheni nimejitanda mtandio, nimekunja mikono kwapani kwa baridi, na kutoka kwenye chumba cha dereva juu ya kichwa cha treni ikatoka sauti: "As-salaam alaykum!" Nikainua uso nikaona kijana mweusi kwa vumbi la makaa, meno meupe, kofia nyeupe ya sala imechungulia chini ya kofia ya kazi. Kazi yake ilikuwa mchochea moto, mwenye kuilisha tanuri ya treni makaa. Ma ni jina la ukoo ambalo Waislamu wengi wa upande ule wanalo, na Yusuf ni jina alilopewa na imamu wao. Kiarabu chake kilikuwa cha chuoni, maneno ya sala na dua na machache ya kusalimiana. Kichina changu kilikuwa cha sokoni. Baina ya hivyo viwili tulielewana vizuri kuliko nilivyoelewana na watu wengi wa lugha yangu. Aliniita mwalimu tangu siku ya kwanza niliyomwambia kazi yangu, na hakuniita jengine.

Nyumbani kwao kulikuwa na chumba kimoja kikubwa chenye kitanda cha matofali kinachopashwa moto kwa chini, na mama yake, mwanamke mfupi mwenye viganja vya mtu aliyekanda unga maisha yake yote. Alituvutia tambi za mkono mbele yetu, akizipiga mezani mpaka zinalia, akazimimina katika mchuzi wa ng'ombe wenye pilipili na kotimiri. Chai yao ilikuja katika bakuli lenye kifuniko, ndani yake tende kavu, zabibu na vipande vya sukari ya mawe. Nasi tukaona haya kuja mikono mitupu, kwa hivyo mara ya pili nikachukua halua, tende za khalasi na dele la kahawa. Seif akasimama kumiminia watu kama tunavyomimina kwetu, dele mkono wa kushoto na kikombe mkono wa kulia, na hakuna aliyemwambia yule mama kwamba ukitosheka unatikisa kikombe. Akanywa, Seif akamimina. Akanywa, akamimina. Bibi wa watu akawa anakunywa kwa heshima, jasho linamtoka, mpaka Yusuf akauliza kwa upole, "Mwalimu, kwenu mgeni anakunywa mpaka lini?" Nilipoeleza, mama yake alikitikisa kikombe mbele ya uso wa Seif kama mtu anayepiga kengele ya shule, na tulicheka mpaka jirani akagonga ukuta. Siku hiyo mama huyo alisema kwamba sisi ni wageni wake, na kwamba mgeni wake akitaka kitu, nyumba hii haisemi hapana. Alilisema kwa moyo wote. Sisi ndio tuliokuja kulitumia.

Sasa niruhusuni nieleze jambo moja la moto, maana bila hilo picha ile haisomeki. Mwalimu akistaafu hastaafu mdomo. Moshi mweusi si nguvu. Moshi mweusi ni makaa ambayo hayakuungua, yamepotea hewani. Ukitupa makaa mengi kwa pamoja juu ya moto na ukaunyima hewa, moto unasongwa, na kilichokuwa kiwe joto kinatoka juu kuwa masizi. Mchochea moto anayejua kazi yake hutupa beleshi dogo dogo, mara kwa mara, pembeni kwanza na katikati mwisho, na husoma rangi ya tanuri kama mpishi anavyosoma mafuta. Bomba lake la moshi huwa safi. Mvuke mweupe unatoka, joto linatetemesha hewa, basi. Yusuf alinieleza hayo kwa maneno yake siku aliyonipandisha kwenye chumba cha dereva, karibu na mlango wa tanuri uliokuwa ukinichoma uso huku mgongo umeganda. "Moto ni kama wanafunzi wako, mwalimu," alisema. "Ukiwalisha mengi kwa pamoja, wanasinzia." Kisha akanipa beleshi nijaribu. Nikatupa, nusu ikamwagika miguuni mwake. Badala ya kunicheka akaniambia, "Vizuri. Nusu imefika." Namna ile ya kumtia mtu moyo ndiyo niliyokuwa nikijaribu darasani kwangu miaka yote, na hapa kijana aliyetoka shule mapema alikuwa nayo bila kufundishwa.

Dereva wake alikuwa mzee mmoja mnene, si Mwislamu, mtani sana. Chakula chao walikipasha juu ya tangi, na mayai waliyakaanga juu ya beleshi lililooshwa kwa maji ya moto na kuingizwa mlangoni mwa tanuri. Yusuf alikuwa na beleshi lake dogo la chakula, halikuguswa na nyama ya mzee yule. "Beleshi la huyu limesilimu," mzee aliniambia. "Langu bado linafikiri." Na siku nyengine nilimsikia akilalamika kwa sauti ili wote tusikie: "Huyu mwezi wa tatu anakuwa dereva. Nani atanikaangia mayai? Wataniletea mtoto asiyejua makaa na mawe." Yusuf akainama kuficha uso wake, lakini masikio yake yalikuwa mekundu kwa furaha.

Hilo la udereva ndilo lililokuwa mbele yake mwaka ule, nami nililijua lote, kwa sababu nilimsaidia kusoma. Alikuwa ameshafaulu mtihani wa maandishi. Jioni za Jumamosi tulikaa kwenye kitanda kile cha joto na vitabu vyake, yeye ananifundisha maandishi ya Kichina na mimi namwelezea shinikizo la mvuke kwa kutumia birika la mama yake. Kilichobaki ilikuwa miezi mitatu ya kuangaliwa kazini: mkaguzi angeweza kuchungulia dirishani wakati wowote na kutazama bomba la treni yake. Na haraka ilikuwepo, kwa kuwa vichwa vya dizeli vilikuwa vimeshaagizwa. Madereva wangepelekwa kujifunza dizeli. Wachochea moto wasingepelekwa popote, maana dizeli haina moto wa kuchochewa. Mtu ambaye angekuwa dereva kabla ya mvuke kuisha angebaki na kazi. Ambaye angekuwa bado mchochea moto, kazi yake ingekufa pamoja na treni yake. Katika miezi yake mitatu ya kuangaliwa zilikuwa zimebaki wiki tano.

Wiki hizo tano ndipo walipokuja wapiga picha kutoka nje, kundi la watu wazima wenye makoti ya bei na miguu mitatu ya kamera. Walikaa nyumba ya wageni tuliyokuwa tukilala sisi, na usiku wa Jumamosi walitandaza picha zao mezani, za reli nyengine huko kaskazini, kila moja ina moshi mweusi kama tufani. Seif alizitazama moja moja. Nilimsikia akiuliza walivyofanya, na mmoja wao akajibu akicheka kwamba unamwambia tu mchochea moto, naye hufurahi. Seif akapanda chumbani. Picha zake zote za mwaka ule zilikuwa za bomba safi la Yusuf, na usiku ule aliziona hazina kitu. "Miezi mitatu napiga picha birika la chai," alisema. Asubuhi tukaenda kwa Yusuf kabla hajaingia zamu.

Ninataka kuwa mwadilifu hapa, kwa marehemu na kwangu. Seif alisema maneno machache: "Mwambie atoe moshi pale kwenye mlima, kama wanavyotoa wenzake. Mara moja tu." Hayo ndiyo yake. Yusuf akatikisa kichwa, akasema ni aibu, moshi ule ni wa mtu asiyejua kazi, na mama yake anaishi karibu na reli, atauona. Hapo ningeweza kumgeukia Seif nikasema amekataa, yakaisha. Badala yake nikafanya ninachokijua kukifanya. Nikalainisha sauti. Nikamwambia Yusuf kwamba tunakaribia kurudi kwetu, kwamba hii itakuwa kumbukumbu yetu ya yeye, kwamba ndugu zetu Oman wataiona na kumjua. Nikamwambia kwamba ataweza, dakika moja tu, nani atatazama saa ile. Nikamkumbusha kwamba sisi ni wageni wa mama yake. Hakuna hata moja katika hayo aliyolisema Seif. Yusuf alinitazama, akatazama theluji, akasema, "Sawa, mwalimu. Kwa kuwa ni wewe."

Saa tatu na kitu tulikuwa ubavuni mwa kilima, Seif amepiga goti. Treni ikaja, kwanza safi kama kawaida, halafu penye mpindo bomba likakohoa, na moshi ukapanda mweusi, mzito, ukasimama wima kwa kuwa hakukuwa na upepo. Ilikuwa nzuri. Siwezi kusema uongo, nilipiga makofi. Nilipiga makofi kama mtoto, na Seif akabonyeza, akabonyeza, akapiga kelele za furaha. Madirisha ya mabehewa yalikuwa yakifungwa moja baada ya jengine kwa masizi, wachimba migodi wakifunika pua zao, nayo picha haionyeshi hilo, maana iliishia behewa la kwanza.

Tulipofika stesheni mtu alikuwa akitungoja. Tukaingizwa ofisini, chumba chenye jiko la chuma katikati na chupa tatu za chai. Mkaguzi alikuwa mwanamume mkimya wa makamo. Yusuf alikuwa ameshasimama pale, kofia mkononi, na theluji ya buti zake imekuwa dimbwi dogo jeusi juu ya saruji. Mkaguzi akatupa chai. Akanikabili mimi, kwa kuwa ndiye niliyejua lugha, akasema polepole ili nisikose neno: "Dada, nimeona moshi. Kama nyinyi wageni mlimwomba, semeni. Nitamgombeza, nitaichukua filamu ya leo, na yatakwisha hapa hapa. Kama hamkumwomba, basi mtu huyu hajui kuchochea moto, na mtu asiyejua moto simpi treni." Nikamtafsiria Seif neno kwa neno. Seif akaiweka kamera yake chini ya koti. Akaniambia kwa Kiswahili, bila kubadilisha uso: "Mwambie hatujui kitu." Nikamwambia, "Seif, atamkosesha udereva." Akasema, "Filamu ile haichukuliwi, Zuwena. Mwambie hatujui. Yusuf atajitetea mwenyewe, huyu mtu wao." Nami nimelelewa kwamba mwanamke hampingi mumewe mbele ya wageni, unangoja mkiwa chumbani. Nikangoja. Nikamgeukia mkaguzi, na kwa Kichina safi kuliko vyote nilivyopata kusema mwaka ule, nikasema hatukumwomba kitu.

Yusuf hakujitetea. Mimi ndiye niliyejua kwamba hatajitetea, kwa kuwa sisi tulikuwa wageni wa nyumba yake na mtu hamtoi mgeni wake kwa serikali. Mkaguzi akamuuliza, "Ni kweli?" Akajibu, "Ni kweli." Maana ya jibu hilo ni kwamba alisimama mbele ya watu wa kazi yake akakubali kuwa hajui kuchochea moto, yeye aliyekuwa akiyalisha makaa yale kama anayelisha ndege. Wakamteremsha siku ile ile. Akapewa beleshi refu na kazi ya kuzoa majivu kwenye shimo, chini ya treni za wenzake.

Chumbani Lanzhou niligombana na Seif kwa siku mbili, kisha nikachoka, kisha tukaanza kufunga mizigo. Aliniambia yatapita. Aliniambia Wachina wana utaratibu wao na sisi hatuujui. Nilitaka kurudi ofisini peke yangu nikaseme, na kila siku nilipata sababu: tiketi, theluji, homa. Tulirudi mji ule mara moja tu, kuaga. Mama yake alituvutia tambi kama siku zote, akazipiga mezani, lakini hazikulia, au mimi sikusikia. Yusuf aliingia kutoka zamu, kijivu kuanzia nywele mpaka viatu, akanawa, akakaa. Seif alitoka nje kupiga picha ya mwisho ya reli. Ndipo Yusuf akaniuliza, kwa sauti ya mtu anayeuliza hesabu iliyomshinda: "Mwalimu. Siku ile ofisini. Ulisema mwenyewe, au ulitafsiri?"

Nikajibu, "Nilitafsiri."

Akasema, "Ah." Akanijazia chai.

Nimefundisha miaka mingi baada ya hapo, Sur na Mudhaibi, na kila mwaka nimewaambia wasichana wangu kwamba kukosea hesabu si kitu, kitu ni kufuta na kuficha. Wengine wao sasa ni madaktari na bado wananikumbusha maneno hayo kwenye simu kama mfano wa malezi mema. Wakati huo anwani ya mama yake Yusuf ilikuwa katika kamusi yangu. Seif alisema, "Usichokoe yaliyolala," nami sikuchokoa. Nilisoma siku moja kwamba reli ile imeingia dizeli. Sijui Yusuf alipokwenda. Picha ilipewa zawadi ya kwanza Maskati, ikakuzwa, ikatiwa fremu, na watu walipomuuliza Seif aliipataje, alisema, "Bahati. Nilikuwa nimesimama mahali panapofaa." Zile picha za bomba safi hakuzisafisha hata moja, filamu zake zilipotea tulipohama. Sina hata picha moja ya kazi ya Yusuf kama alivyokuwa akiifanya.

Leo asubuhi Raya amekuja kuchukua mistari yake mitatu, amemkuta Bi Shamsa ameshafika. Nikampa karatasi. Akaisoma kwa sauti, kwa Kiswahili chake cha kukwama kwama, mpaka akafika katikati, kisha akaendelea kwa macho tu. Nimeandika hivi: Picha hii ilipigwa na marehemu mume wangu. Moshi huu ulitolewa na Yusuf Ma, mchochea moto ambaye hakuwa akitoa moshi. Aliutoa kwa kuwa sisi wawili, wageni wake, tulimwomba, na mimi ndiye niliyembembeleza. Tulipoulizwa tulikana, ili filamu hii isichukuliwe. Kwa ajili hiyo hakuwa dereva.

"Mama," Raya akasema, "hii 'eib, aibu. Baba arobaini yake bado."

"Najua, mwanangu."

"Maiti hutajwa kwa mema, Zuwena," akaingia Bi Shamsa, kikombe kimesimama hewani.

"Na aliye hai, Bi Shamsa, hutajwa kwa nini? Yule kijana nilimtaja kwa ubaya mbele ya wakubwa wake, na huenda yu hai mpaka leo, mtu mzima, anajua kwamba mahali fulani kumeandikwa hajui moto."

Bi Shamsa akatazama picha. Kwa mara ya kwanza hakusema mashaallah. Akatikisa kikombe chake, akakiweka chini.

"Sasa watu ya nadi wakiniuliza," Raya akasema, macho yana machozi na hasira, hasira yangu mwenyewe naitambua, "baba angekubali maneno haya?"

"Hapana. Asingekubali."

"Basi nitawaambia maneno ya nani?"

"Yangu," nikamwambia. "Waambie nimesema mwenyewe."